UZI: Kupiga dokumentari kwenye machimbo ya dhahabu Kanda ya Ziwa: fuata kiroba, na usiwaache watu matatani

Kiroba_Chekundu (mwanzisha uzi)

Wadau, salaam. Dokumentari za wachimbaji wadogo zinazidi kuongezeka na nyingi zinafanana: uso wenye vumbi, muziki wa huzuni, mtoto anachungulia nyuma ya turubai, basi. Mtazamaji anaondoka na huruma lakini hajui nani kapata nini kwenye jiwe lile. Naona hilo ni kosa kubwa, na dawa yake ni ya kazi tu: chagua kiroba kimoja, kipige alama ya rangi, ukifuate toka duarani (shimo la kuchimbia) mpaka pesa inapohesabiwa.

Safari yenyewe iko hivi. Kiroba kinapotoka mdomoni mwa duara kuna mgao. Yumo mwenye leseni (PML, leseni ndogo ambayo kisheria ni ya Watanzania tu), yumo mwenye shamba, yumo mwenye duara aliyegharamia chakula, matimba (magogo ya kuzuia kuta za shimo), baruti na mafuta ya pampu, kisha wachimbaji wenyewe. Viroba vinapangwa mafungu chini, kila mtu anaona. Uwiano unatofautiana duara kwa duara, kwa hiyo usiandike asilimia uliyoisikia kwingine. Weka kamera juu kidogo, lenzi pana, ili mafungu yote yaonekane kwenye fremu moja, na uiache ikimbie bila kukata mpaka mgao uishe. Shoti hiyo moja inaeleza mengi kuliko dakika kumi za mahojiano.

Toka hapo mawe yanakwenda karasha (mashine ya kusaga mawe), unga unakwenda mwalo (sehemu ya kuoshea), unaoshwa juu ya magunia yaliyotandikwa kwenye ubao wa mteremko, unachanganywa na zebaki kwenye karai, kitonge kinakamuliwa kwa kitambaa, kinachomwa, kinapimwa. Halafu kuna kitu ambacho karibu kila kamera inakikosa. Zebaki hunasa sehemu tu ya dhahabu, mara nyingi chini ya nusu. Iliyobaki imo kwenye marudio, ule mchanga uliokwisha kuoshwa, na kwenye mialo mingi marudio hubaki kwa mwenye mwalo. Yeye huyakusanya na kuyachenjua kwa sayanaidi. Kwa hiyo anayeonekana kama mkodishaji wa karasha tu, ana mavuno ya pili yanayoweza kuzidi ya kwanza. Ukimpiga mchimbaji anahesabu noti na usigeuze kamera kwenye lundo lililo nyuma yake, umeiacha hadithi pale pale mwaloni.

Naomba wenye ujuzi waongezee: vibali, sauti, usalama, uhariri.

---

Matimba_Mabovu

Mkuu, nakuunga mkono. Niongeze usalama maana watu wa kamera hawauzingatii.

Msiingie duarani. Najua kila mtayarishaji anataka shoti ya chini, lakini hatari kubwa ya chini haionekani kwenye kamera. Baada ya baruti kulipuliwa hewa hubaki na kaboni monoksidi, haina rangi wala harufu. Pampu ya petroli ikishushwa chini kunyonya maji hufanya vivyo hivyo, na inaua timu nzima: wa kwanza anaanguka, wa pili anashuka kumwokoa, naye anaanguka. Msimu wa mvua udongo wa juu unalegea na matimba yanabeba uzito ambao hayakupangiwa. Ukiingia na kamera, wachimbaji wawili wanaacha kazi kukulinda, na wewe ndiye unayeongeza hatari.

Pili, mwaloni. Zebaki huchemka kwenye nyuzi joto 357, lakini inatoa mvuke hata kwenye joto la kawaida la mchana. Wakati wa kuchoma, simama upande unakotoka upepo, mita 10 au zaidi, na utumie lenzi ndefu, milimita 135 hadi 200. Huhitaji kusogea: kwa lenzi hiyo utaona vizuri kitonge cheupe kama fedha kikififia, kikigeuka kijivu, kisha njano hafifu yenye vitundu kama sponji. Barakoa ya kawaida ya vumbi haizuii mvuke wa zebaki. Inayofaa ni yenye kichujio kilichoandikwa Hg-P3. Kama hamna hiyo, umbali na upepo ndiyo kinga yenu pekee.

Jambo dogo ambalo huwagharimu watu: zebaki inakula alumini. Palipo na mkwaruzo kwenye chuma hicho, tone dogo tu linapenya na kuendelea kula siku nyingi baadaye, linatoa unga mweupe kama nywele. Miguu mingi ya kamera ni ya alumini. Mwaloni tumieni ya kaboni, au vaeni miguu mifuko ya plastiki minene, ifungwe kwa utepe wa gundi, itupwe mnapoondoka. Pete na mikufu ya dhahabu iacheni nyumba ya wageni, zebaki inang'ang'ania hapohapo.

---

Fundi_Lenzi

Vumbi la machimbo si vumbi la barabarani. Mawe yenye dhahabu huku yana kwazi nyingi (quartz, madini magumu ya mwamba), na kwazi ina ugumu wa 7 kwenye kipimo cha Mohs, mkubwa kuliko wa kioo cha lenzi. Ukifuta kwa kitambaa kikavu unaisugulia lenzi mchanga. Puliza kwanza kwa pampu ya mpira, brashi laini, kitambaa mwisho. Filta angavu mbele ya lenzi ni lazima. Usibadilishe lenzi karibu na karasha: chagua moja asubuhi, 24-70 inatosha kazi nyingi, ya pili ibaki kwenye mwili wa pili wa kamera.

Taa za kichwani za wachimbaji ni za LED na nyingine humetameta kwenye picha. Piga fremu 25 kwa sekunde, shata 1/50. Ukiona mistari inapanda na kushuka, tatizo linaweza kuwa ni jenereta: mzigo wa karasha ukiongezeka, jenereta inashuka chini ya hezi 50 na taa zinafuata. Hapo rekebisha shata kidogo kidogo hadi mistari itulie, kama kamera ina kipengele hicho.

Hifadhi: ukirekodi kwa megabiti 100 kwa sekunde, saa moja ni gigabaiti 45. Kwa saa 3 za picha kwa siku ni 135, siku kumi ni terabaiti 1.35. Nunueni diski mbili za terabaiti 2, nakala mbili kila usiku, na diski hizo zisilale chumba kimoja. Kadi isifutwe mpaka nakala zote mbili zimethibitishwa kwa programu inayolinganisha faili, kuangalia kwa macho hakutoshi.

---

SautiKwanza

Mtazamaji huvumilia picha chafu, sauti chafu anazima. Karasha ndiyo adui. Sauti hupungua desibeli 6 kila umbali unapoongezeka maradufu, kwa hiyo toka mita 10 hadi mita 80 unapunguza 18. Mahojiano yafanyike hapo au mbali zaidi, nyuma ya ukuta au kichuguu, maiki ya kifuani ndani ya shati, na sufi yake ya upepo. Usitafute pembe yenye karasha nyuma ya mtu "ili ionekane mazingira", utapata midomo inayotembea na ngurumo.

Karasha irekodiwe peke yake, dakika 3 karibu na 3 mbali, uitumie kwenye uhariri kwa kiwango unachotaka. Na kila eneo la mahojiano chukua sekunde 60 za ukimya wa mahali hapo. Bila hizo mhariri hana cha kuzibia mapengo.

---

Mwanasheria_wa_Kata

Vibali kwa upande wa Tanzania, kwa ufupi. Bodi ya Filamu kwanza, kwa mujibu wa Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya 1976. Kisha barua ofisi ya wilaya, halmashauri, kata, mpaka mtendaji wa kijiji na mwenyekiti wa kitongoji. Ofisi ya Afisa Madini Mkazi ijulishwe pia, na mwenye leseni akubali kwa maandishi kwa sababu eneo liko chini yake. Droni inahitaji idhini ya Mamlaka ya Usafiri wa Anga na ya vyombo vya usalama, anzeni mapema. Stoo ya baruti na chumba cha kutolea dhahabu msivipige hata kama mmeruhusiwa kuingia: mkionyesha kufuli na njia, mmemchorea mwizi ramani.

Mtu akishaonekana na kutajwa, taarifa zake zinalindwa na Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei 2023. Picha ya uso, jina na hali ya afya vyote vimo. Fomu ya ridhaa ya Kiingereza iliyosainiwa kwa dole gumba na mtu asiyeisoma haitakulinda, na wala haimlindi yeye.

---

Kiroba_Chekundu

Hapo kwenye ridhaa naomba tukae kidogo. Mtu anaposema "sawa, nipige" mbele ya mwenye duara wake, amekubali nini hasa? Anaogopa kukosa nafasi kesho.

---

Bi_Mhariri

Ndugu, hilo ndilo swali lenyewe. Ridhaa isichukuliwe duarani. Ichukuliwe nyumbani kwa mtu, jioni, kwa lugha anayoota kwayo. Kama ni Kisukuma basi Kisukuma, na mkalimani asiwe ndugu wa mwenye duara wala wa mwenye mwalo. Irekodiwe kwa sauti na mhusika aeleze kwa maneno yake mwenyewe: filamu itaonyeshwa wapi, nani anaweza kuiona, nini kinaweza kumpata. Akishindwa kueleza, hajaridhia bado, rudini kesho. Mtajieni waziwazi kwamba kipande kikiingia mtandaoni kitarudi kijijini kwa simu siku hiyohiyo. Ridhaa ya pili ni baada ya yeye kuona kipande chake kilichohaririwa, kabla ya kufunga uhariri. Mpeni tarehe ya mwisho ya kujitoa, na iwe tarehe kweli, kwa kuwa baada ya filamu kutoka hakuna kurudisha.

Kuficha sura. Watu wengi wanaweka ukungu usoni na kudhani wamemaliza. Mtu wa kijiji kimoja humtambua mwenzake kwa mkao wa mabega, kwa kovu la mkononi, kwa viatu, kwa turubai la bluu lililochanika upande. Amueni kabla ya kupiga, msisubiri uhariri. Mkalisheni mwanga ukiwa nyuma yake, kipimo cha mwanga kifuate ukuta, yeye awe na giza kuliko ukuta kwa stopu 4 au 5 (vipimo vya mwanga vya kamera). Hapo giza limo kwenye faili lenyewe, lakini jaribuni kwanza kuling'arisha kwenye kompyuta: uso ukionekana, ongezeni giza. Nguo abadili, asivae zake. Mikono iangaliwe kabla.

Sauti iliyofanywa nzito kwa programu inaweza kurudishwa tena na mtu yeyote mwenye kompyuta. Njia salama ni mtu mwingine asome maneno yaleyale, na iandikwe kwenye skrini kwamba sauti imesomwa na mwingine. Kisha sauti ya asili iondolewe kwenye mradi wa uhariri, isibaki imezimwa tu. Faili za simu na droni huwa na majira ya mahali (latitudo na longitudo) ndani yake: safisha kabla ya kumtumia mtu yeyote. Kwa ffmpeg ni `-map_metadata -1`, na faili za SRT zinazotoka na droni zisisafiri pamoja na video, ndani yake kuna latitudo na longitudo sekunde kwa sekunde.

Watoto: uso wao usionekane kabisa, hata mzazi akikubali. Sheria ya Mtoto ya 2009 inakataza watoto kufanya kazi hatarishi na uchimbaji umo. Picha ya mtoto anayeponda mawe inaweza kumfanya mama yake awe mtuhumiwa ilhali mnunuzi wa jiwe hayumo kwenye fremu. Mikono, nyundo na kivuli vinatosha.

---

Nyundo_na_Patasi

Na malipo je? Wengine wanasema ukimlipa mtu umenunua maneno yake. Lakini mchimbaji halipwi mshahara, analipwa mgao. Saa mbili za mahojiano zikiangukia siku ya kutoa mawe anaweza kukosa fungu.

---

Bi_Mhariri

Msilipe maneno, fidieni muda. Kiwango kimoja kwa wote, kitajwe mkutanoni mbele ya kila mtu kabla ya kuanza, kitolewe baada ya mahojiano bila kujali alichosema, na kiandikwe kwenye daftari. Panga mahojiano siku za kusubiri foleni ya karasha, ambapo watu wana nafasi. Kinachoharibu ni malipo ya kificho: mmoja kapewa, mwingine hakupewa, kesho yake wa pili anaongeza chumvi ili naye apewe. Kwa mama ntilie na wanawake wanaookota magwangala (mabaki ya mawe yaliyotupwa) ni vivyo hivyo, na hao husahaulika zaidi kwa sababu hakuna anayewahesabu kama wachimbaji.

---

Maji_ya_Kisima

Kuna kosa ambalo linaua filamu mahakamani na mbele ya wataalamu: kusema "maji yana sumu" kwa kuonyesha maji yenye rangi ya chai na ng'ombe aliyekufa. Rangi haipimi kitu. Arseniki na zebaki zinaweza kuwemo kwenye maji meupe kabisa.

Ukitaka kusema hivyo, chukua sampuli. Angalau tatu: juu ya mgodi au mwalo, chini yake, na kisima ambacho watu wanakunywa. Chupa safi za maabara, kila moja na namba, saa, na majira ya mahali. Chupa ya kupimia metali huwekwa asidi ya nitriki, ya kupimia sayanaidi huwekwa sodiamu haidroksaidi mpaka pH ipite 12, zote kwenye boksi la barafu, nyuzi 4. Kamwe usiichanganye sampuli ya sayanaidi na asidi, inatoa gesi ya kuua. Chupa ziombeni maabarani zikiwa tayari zimewekwa dawa, msijichanganyie wenyewe. Mkemia Mkuu wa Serikali ana ofisi Kanda ya Ziwa. Piga video kila hatua bila kukata, toka chupa inapofunguliwa mpaka inapopokelewa, kila anayeigusa asaini.

Kiwango cha Shirika la Afya Duniani kwa maji ya kunywa ni miligramu 0.01 kwa lita kwa arseniki, na 0.006 kwa zebaki. Ukipata juu ya hapo, una namba. Lakini bado hujathibitisha imetoka wapi, kwa kuwa miamba ya eneo la dhahabu inaweza kuwa na arseniki yake ya asili. Ndiyo maana sampuli ya juu haikwepeki.

Na hapo kwenye marudio alipogusia mwanzisha uzi: Mkataba wa Minamata (wa kimataifa, kuhusu zebaki) umetaja mambo manne ya kukomeshwa kwa wachimbaji wadogo. Kuchanganya zebaki na mawe yote, kuchoma kitonge hadharani, kuchoma kwenye makazi, na kuchenjua kwa sayanaidi marudio yenye zebaki bila kuitoa kwanza. Sayanaidi huiyeyusha zebaki na kuifanya isafiri na maji. Kichenjulio kikiwa mita chache toka mtoni, hiyo ndiyo shoti yako, na sasa una sababu ya kuipiga.

---

Lualaba_Moja

Salamu toka Kolwezi, Kongo. Huku ni kobalti lakini kufuata kiroba kunafaa hivyohivyo. Mtaa wa Kasulo watu walianza kuchimba ndani ya nyua zao mwaka 2014, baada ya madini kuonekana wakati wa kuchimba chini nyumbani. Kamera nyingi zinakimbilia mashimo. Mimi nasema muende depo, yaani kwa wanunuzi wa mawe. Pale mnunuzi anapima kiwango cha kobalti kwa mashine ya mkononi ambayo huku tunaiita metoreksi, na ukutani kuna ubao ulioandikwa kwa mkono: asilimia kadhaa, bei kadhaa kwa kilo. Tofauti ya asilimia moja kwenye usomaji inabadilisha pesa ya kutwa nzima, na mchimbaji hana mashine yake. Pigeni ubao, pigeni kioo cha mashine, pigeni mizani, kisha uso wa mtu akisikia namba. Ikiwezekana jiwe lilelile lipimwe depo mbili siku moja.

---

Pwani_Kusini

Kwa Kenya, uzi wa pesa uko kwenye sheria yenyewe. Sheria ya Madini ya 2016 inagawa mrabaha asilimia 70 serikali kuu, 20 kaunti, 10 jamii inayokaa penye uchimbaji. Dokumentari ya Kwale au Migori inaweza kuanza na swali moja tu kwa wazee wa kijiji: ile kumi iko wapi? Kisha swali lilelile kaunti, kisha wizarani, majibu matatu yakifuatana bila msimulizi.

---

Kiroba_Chekundu

Asanteni sana. La mwisho: haki ya kujibu na manukuu.

---

Bi_Mhariri

Kampuni au mwenye leseni anayetuhumiwa apelekewe maswali mahususi kwa maandishi, kila tuhuma na tarehe yake, apewe muda wa kutosha, wiki mbili si nyingi. Msipeleke majina ya mashahidi wala picha zinazowaonyesha walipo. Jibu likija, liwekwe pale tuhuma ilipo, lisisukumwe mwisho kwenye maandishi yanayopita haraka.

Manukuu: mistari miwili, herufi 42 kwa mstari. Maneno yetu ni marefu, "hawakutulipa" ni neno moja lenye sentensi nzima ndani yake, kwa hiyo msitafsiri kutoka kwenye manukuu ya Kiingereza. Tafsirini kutoka kwenye sauti. Mahojiano ya Kisukuma apewe mkalimani wa pili ambaye hakuwepo eneo la tukio, atafsiri bila kuona kazi ya wa kwanza, kisha zilinganishwe. Tofauti zinajitokeza sana kwenye maneno ya lawama: "alichukua" inageuka "aliiba".

---

Fundi_Lenzi

Na mkirudi kuionyesha kijijini, projekta ya lumeni 3,000 na shuka jeupe la mita 3 vinatosha kama mmesubiri giza liingie kabisa. Jenereta iwekwe mita 50 nyuma ya nyumba, waya uwe mnene usioshusha umeme, spika mbili ziwe pande za skrini na siyo nyuma ya watu. Jioni kabla ya hiyo, waliomo kwenye filamu waione peke yao ndani, milango imefungwa. Mmoja akisema kipande chake kitoke, kinatoka usiku huohuo, kwa hiyo nendeni na kompyuta yenye mradi mzima na saa nne za umeme wa kutengeneza faili jipya.